Diski ya Juu

Mwanangu Saada,

Salamu nilikupa asubuhi ulipotoka kwenda Wawi kumuaga shangazi yako, nawe ukaitikia, kwa hiyo hapa naziruka. Ulisema utarudi kabla ya magharibi. Alasiri imeshasaliwa, nami nimekaa kwenye meza yako, mbele ya kompyuta iliyozimwa, naandika kwa kalamu.

Sikuandikii namna ya kuishi Dodoma. Kula, kulala, kuchagua rafiki, kuvaa sweta kunapopoa: hayo unayajua, na usiyoyajua utaambiwa na wenzako vizuri zaidi kuliko nitakavyokwambia mimi. Nakuandikia kwa sababu moja. Unaondoka kesho ukiamini kwamba wewe ndiye uliyesababisha sauti ya mama yako ifutike. Si wewe. Nimejua kwamba si wewe tangu siku ile ile, na nimenyamaza miaka miwili.

Nimezisoma tena sentensi hizo za mwisho. Kazi yangu Mombasa ilikuwa kusahihisha maandishi ya watu kabla hayajachapwa, na najua sentensi inapokuwa na kila kinachotakiwa ndani yake. Hizi zinacho. Ningeweza kuishia hapa. Lakini wewe hupendi jibu bila njia yake, na nikikupa jibu peke yake utadhani baba yako anakubebea mzigo kwa huruma. Kwa hiyo nakupa njia.

Mwaka ule wa fujo baada ya uchaguzi niliondoka Wete na shati nililolivaa, nikakimbilia Mombasa, wewe ukiwa na miezi minne. Sikurudi mpaka ulipotimiza miaka kumi na miwili. Katika miaka hiyo barua hazikuaminika, na hata waliozibeba walikuwa wakizibeba kwa hofu. Wanawake wa mtaa wetu wa Jadida wakabuni njia yao. Walichukua kanda ya taarabu, wakaacha nyimbo mbili za mwanzo kama zilivyo, halafu wakajirekodi juu ya zile zilizobaki. Mpekuzi akiitia kwenye redio anasikia fidla na mwimbaji, anaichoka, anairudisha. Mama yako alinitumia kumi na nne kwa njia hiyo. Mpaka leo siwezi kusikia wimbo wa pili wa taarabu unakwisha nisinyanyue kichwa, nikingoja mtu azungumze.

Nilirudi nazo kwenye kopo la biskuti. Nikaishi na mama yako miaka miwili, akafariki, nawe ukabaki na mimi, mwanamme uliyemjua kwa jina kuliko kwa sura. Hukuwa mkaidi. Ulikuwa na adabu tu, adabu ile anayopewa mgeni. "Baba, chakula tayari." "Baba, natoka." Nilikuwa nikikaa barazani nikitafuta la kukwambia, na nilipolipata ulikuwa umeshalala.

Iliyotukutanisha ni hii mashine. Unakumbuka ilivyofika? Kompyuta mbili za ofisini, kuukuu, za aina moja, zilizotupwa na watu zikanunuliwa na mfanyabiashara wa Chake. Ulikuwa umemaliza kidato cha nne na ulitaka mashine ya kuchezea michezo. Mimi nilijua kusoma Kiingereza cha vitabu, wewe ulijua kutafuta majibu kwenye simu, na kwa elimu hizo mbili pungufu tukazivunja zile mbili tukaunda moja. Diski ya moja tukaiweka juu ya diski ya nyingine. Kadi ya picha ulimwagizia mtu Unguja, ikaja imefungwa kwenye gazeti.

Mfumo wake wa zamani ulikuwa ukisota kama punda wa mkokoteni mlimani. Ukasema tutie Linux, kwa kuwa haidai leseni na mashine ya umri ule inaimudu. Nikakubali kama ninavyokubali jina la dawa. Tuliutia kwa saa moja na kila kitu kikawaka. Halafu ukatia draiva ya kadi, ukawasha upya, na kioo kikawa cheusi.

"Mbona giza?" nikakuuliza.

"Imekataa draiva."

"Draiva gani tena, na lori lenyewe hatujalipata?"

Ulinigeukia. Nadhani ilikuwa mara yako ya kwanza kucheka kwa jambo nililosema mimi. "Wee baba. Draiva ya kadi. Ndiyo inayoifundisha mashine kuchora."

Ilituchukua siku tatu. Ulijifunza kuingia kwenye mashine bila picha, kwa maandishi matupu, ukaitoa draiva mpya na kutia ya zamani inayolingana na kadi kongwe. Mimi nilikusomea amri herufi moja moja kutoka kwenye simu, na wewe ukazipiga. Nukta, mstari wa kulala, nafasi. Uliniambia mtu akikosea nafasi moja amekosea yote, nikakujibu kwamba hiyo ndiyo iliyokuwa kazi yangu maisha yangu yote. Siku ile nilijiona nina faida nyumbani.

Mchezo ulioutaka ulikuwa wa malori. Haukutengenezwa kwa mfumo wetu, kwa hiyo ilibidi upite kwa programu inayokaa katikati kama mkalimani. Kwanza ikaja sauti bila picha. Kisha picha bila sauti. Kisha vyote viwili, lakini lori likienda kwa kuruka kama panzi. Ukaanza kupunguza: vivuli, mawingu, maji barabarani.

"Na miti umeing'oa?"

"Miti ina uzito, baba."

"Jangwa hilo sasa."

"Jangwa linalokwenda bora kuliko msitu uliosimama," ukasema, na lori likaondoka.

Tangu hapo kila siku baada ya alasiri nilikuwa na kiti changu pembeni mwa meza hii. Wewe uliendesha, mimi nilisoma ramani. Nimetembea maisha yangu kwa kufukuzwa, Saada, sikuwahi kusafiri kwa kupenda. Nawe ulinipeleka nchi zenye theluji, na tulipopotea ulinilaumu kama dereva anavyomlaumu utingo.

"Kulia au kushoto?"

"Kulia."

"Ulisema kulia kule nyuma tukaingia machungani kwa ng'ombe wa watu."

"Machunga mazuri lakini."

Nimekaa kwenye meza za watu wengi ugenini. Ile ilikuwa ya kwanza ambayo niliona kiti kimewekwa kwa ajili yangu.

Baadaye ulilikuta kopo la biskuti. Uliazima redio ya kanda, ukatafuta waya, ukaziingiza sauti kwenye kompyuta. Kanda zilikuwa zimeota ukungu. Tano hazikufunguka. Tisa zilikubali kupita mara moja, kwa taabu, na baada ya hapo hakuna iliyokubali tena. Ulizihifadhi kwenye ile diski ya pili. Ukaniambia tununue kitu cha kuwekea nakala nyingine, nami nikajibu hakuna haraka. Hilo nalo ni langu, ingawa ndilo dogo.

Nakuona sasa hivi ulivyokuwa, visikizio masikioni, ukimsikiliza mama yako akinisimulia mimi habari zako wewe. Ulitabasamu peke yako. "Anasema nimeota jino nikamng'ata Bi Asha wa jirani," uliniambia. Ulimpata tena mama ambaye ulikuwa umeanza kumsahau, na ulimpata akiwa kijana.

Sasa nafika penyewe.

Ulikuwa kidato cha tano. Mashine ilipata sasisho usiku mmoja na kioo kikarudi kuwa cheusi, na safari hii draiva ya zamani haikusaidia. Uliamua tuanze upya, tufute mfumo na kuutia mwingine. Lakini ulikuwa unakwenda kambi ya masomo ya siku tatu hapo skuli. Nikakwambia, "Niandikie. Nitakumalizia, ukirudi ukute lori linaunguruma." Ukang'oa karatasi ya daftari ukaandika mistari tisa. Mstari wa nne ninao kichwani: Zitatokea diski mbili, chagua ya juu, ya chini usiiguse, ina sauti ya mama.

Ulipoondoka niliisoma karatasi mara tatu. Kisha, kabla ya kuanza mstari wa kwanza, nikafanya jambo ambalo halikuandikwa. Feni ilikuwa ikivuma sana na ndani kulikuwa na vumbi la mwaka mzima. Nikafungua boksi la kompyuta. Nikachomoa nyaya za diski zote mbili ili nipate nafasi, nikapuliza vumbi kwa pampu ya baiskeli, nikafuta, nikarudisha nyaya. Zote mbili nyekundu, matundu yote mawili sawa. Nilizirudisha zimepishana. Kwenye orodha ya mashine, iliyokuwa ya juu ikawa ya chini.

Halafu nikafuata karatasi yako kama nilivyozoea kufuata maandishi ya mwandishi, bila kupunguza wala kuongeza. Diski mbili zikatokea, ukubwa mmoja, jina moja, kwa kuwa zilitoka kwenye mashine pacha. Nikachagua ya juu. Mashine ikaniuliza kama nina hakika, kwamba kila kilichomo kitapotea.

Nimejiuliza mara nyingi kwa nini sikusita. Nadhani ni haya. Katika ile miaka nilipanga foleni mbele ya meza nyingi. Afisa anakuuliza, una hakika na tarehe hii, una hakika hili ndilo jina lako, una hakika hukuacha mali? Ukisita anakutilia shaka, unaambiwa urudi wiki ijayo, na wiki ijayo meza imehamishwa. Tulifundishana sote kusema ndiyo kabla swali halijatua. Wenzangu ambao hawakuwahi kukimbia kwao hawana tabia hii. Mimi ninayo, na mkono wangu ulibonyeza ndiyo kama ulivyotia saini karatasi zote zile.

Siku ya tatu ukarudi. Mfumo ulikuwa umekaa, draiva imekubali mara ya kwanza, na mchezo ulikuwa unashuka kutoka mtandaoni, robo yake ndiyo kwanza imefika. Nilikuwa nimejaa fahari. Ulikaa, ukasikiliza.

"Feni imenyamaza. Umeifanyaje?"

Hapo ningesema. Swali lilikuwa dogo namna hiyo. Lakini nilitaka kwanza ulisifie lori, nikasema, "Labda mfumo mpya umeipoza."

Ukafungua diski ya pili uangalie sauti. Ukakuta mfumo wa zamani, ule ulioharibika, mzima na michezo yake. Ukatafuta tena. Ukaifikia ile karatasi, ukausoma mstari wa nne, ukausoma tena, na nikauona uso wako unavyobadilika. Mimi nilikuwa nimeshajua. Niliziona zile nyaya mbili nyekundu mkononi mwangu kabla hujafungua kinywa.

"Nimeandika juu," ukasema. "Ilikuwa chini. Nimekosea mimi, baba."

Nikakwambia, "Usijali mwanangu. Bahati mbaya. Nimekusamehe."

Nilikusamehe kosa langu. Nimesoma vitabu vingi na sijakuta mahali mtu alipofanya jambo dogo namna ile likawa baya namna ile. Ulilia ukanishukuru. Ulinishika mkono ukanishukuru.

Kisha ukauliza, "Tuizime kwanza?"

Sikujua maana ya swali lile. Nilijua tu kwamba ukizima utafungua boksi, na ukifungua utaona nyaya. Nikajibu, "Izimwe ya nini? Acha imalize, kifurushi kinakwisha leo." Ukaniacha. Mchezo ukashuka usiku kucha, na asubuhi ulikuwa mzima, na hakuna aliyeucheza.

Mwezi mmoja baadaye niliichomoa diski ile, nikaifunga kwenye kitambaa, nikaipeleka Chake kwa Fundi Hamad. Hukujua, ulikuwa kwenye mitihani. Aliifunga kwenye mashine yake akaniketisha. Alikaa nayo mpaka adhuhuri, halafu akavua miwani.

"Mzee, pameandikwa juu yake."

"Pameandikwa nini?"

"Malori," akasema. "Malori matupu. Kufuta si neno, kilichofutwa hukaa mpaka kipate cha kukifunika. Mngeizima siku ile ile ningekupa nusu, pengine zaidi. Nani aliyeiacha ikaendelea?"

"Mimi."

Ndiyo mara pekee niliyosema kweli, na nilimwambia mtu ambaye hakuhusika. Alinipa chai. Aliona haya kunitoza.

Kwa hiyo wewe hesabu hivi: kidole changu kilifuta, na ulimi wangu ndio uliopoteza. Ningekwambia nilifungua boksi, ungezima, na leo ungekuwa unakwenda Dodoma na mama yako masikioni, japo nusu.

Nimekuwa nikitafuta udhuru mzuri na nilioupata ni huu tu. Nilikuwa nimekosa miaka kumi na miwili ya maisha yako. Nilikuwa na mahali pamoja tu ndani ya nyumba hii, kile kiti cha msoma ramani. Niliogopa kukipoteza. Nikakaa kimya ili nikae pale, na wewe hukukaa tena kwenye hii meza. Ulifunika mashine kwa kanga, ukasema una masomo. Kiti nilibaki nacho.

Ningeweza labda kuishi na hilo. Lakini ulipokuja na fomu za chuo nilikuta umejaza uhasibu. Walimu wako wote walikungojea ujaze kompyuta. Nikakuuliza mbona.

"Sipendi tena," ukasema.

"Ulipenda tangu lini ukaacha lini?"

"Baba, mimi si wa kuaminiwa na vitu vya watu. Kompyuta watu wanatia roho zao mle. Bora nihesabu."

Ulisema kwa utulivu, kama mtu anayetaja kimo chake. Nami niliyekuwa na dawa mfukoni nikakwambia uhasibu nao una kazi nyingi. Fomu ikaenda. Jibu likaja. Nauli imelipwa. Leo nakuandikia kama mtu anayepiga kelele baada ya nyumba kumaliza kuungua. Sijui kama chuo kinaruhusu kubadilisha. Sijui kama unataka. Nimekaa hapa saa nzima nikijaribu kufikiri nikusaidie vipi na sioni kitu ninachoweza kukifanya isipokuwa kukwambia. Boksi lipo hapa chini ya meza yako, nyaya zimepishana mpaka leo; hata niliporudisha diski kutoka Chake nilizifunga vile vile. Ukitaka kuhakikisha, parafujo ni mbili tu, upande wa kushoto.

Sauti siwezi kukurudishia. Maneno ninayo baadhi. Kanda ya sita, baada ya nyimbo mbili, alianza hivi: "Haya, mimi huyu. Bati la jikoni linavuja, usijitie huzuni, nimeweka sufuria. Mwanao anakwenda. Anakwenda upande kama kaa, lakini anakwenda. Leo kanitoroka mpaka mlangoni, nikamwita, akageuka akanitazama kama anayeniuliza, we nani? Tabia yako ile." Halafu alicheka. Nakumbuka kwamba alicheka. Kicheko chenyewe nakitafuta na sikipati, na kila mwaka kinazidi kunipotea. Maneno hukaa kwenye karatasi. Sauti ilikuwa na mahali pamoja.

Kesho asubuhi, kabla ya kupanda gari, utanijia kama desturi, utanipa mkono uniombe radhi, nami nitatakiwa nikujibu kwamba radhi zangu unazo. Nimelifikiria jambo hilo wiki nzima. Watu wangapi wamepewa radhi na mzazi ambaye yeye ndiye aliyewakosea, wakaondoka wameinamisha kichwa? Siwezi kukupa mbele ya watu kitu ambacho mimi ndiye mwenye kukihitaji kwako. Kwa hiyo nakutangulia. Niwie radhi, Saada. Kwa nyaya ukiweza, kwa kuwa zile zilikuwa bahati mbaya. Kwa "nimekusamehe" sijui kama naruhusiwa kuomba, lakini naomba.

Usinijibu kwa kuwa mimi ni baba. Usinijibu leo kama huna jibu. Ukitaka kunisema, nitakuwa barazani, sitakukata kauli. Ukitaka kupita tu, pita, nitalibeba begi lako kesho mpaka kwenye gari na sitakunyooshea mkono mpaka unyooshe wako.

Gari la kutoka Wawi limesimama nje. Nasikia unamwamkia Bi Asha, naye anakuuliza shangazi yako hajambo. Nakunja barua sasa hivi, kwa kuwa nikiandika mstari mwingine mmoja nitapata sababu ya kutokukupa.

Baba yako
Jadida, Wete